UZI: Kupe mnene uliyemng'oa leo siye aliyekuulia ndama

#1 Mwenye_Zizi (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam. Jambo hili limenikaa kooni muda mrefu, leo nalitema.

Nilikuwa najisifu. Kila jioni napita zizini na kopo la maji ya sabuni, nang'oa kupe kwenye kiwele, kwapani, chini ya mkia. Wale wanene wa kijivu, wamevimba kama harage lililolowekwa. Natumbukiza koponi, nahesabu, nalala nikijua kazi nimefanya. Siku moja mtamba wangu chotara akaacha kucheua. Nikampapasa, nikakuta uvimbe chini ya sikio, mkubwa kama yai. Nikasema ameng'atwa na nyuki. Nikamwacha.

Siku ya nne anakohoa. Siku ya sita povu jeupe linamtoka puani na anavuta pumzi kwa mbavu. Daktari wa mifugo alipofika hakuangalia kiwele wala tumbo. Alimshika sikio, akalipindua, akamulika kwa tochi ya simu. Mle ndani, katikati ya vinyweleo, walikuwa wamejipanga vidude vya kahawia, bapa, havijafikia hata kichwa cha kiberiti. Zaidi ya ishirini, sikio moja. Mimi miezi yote hiyo sijawahi kulipindua sikio la ng'ombe.

Nikamuuliza, hawa ndio waliomwambukiza? Akasema, "Hawa ni ndugu zake. Mwenyewe ameshashiba, ameshuka zamani." Mtamba alikufa alfajiri ya siku iliyofuata. Ndigana kali.

Nikaanza kusoma na kusumbua watu kwa maswali. Kwa ufupi, kupe hutaga chini, kwenye majani makavu na nyufa za ardhi. Anaanguliwa mtoto wa miguu sita, mdogo kama nukta ya kalamu. Anapanda jani, anangoja, anadandia mnyama, anafyonza siku kadhaa, anashuka. Huko chini anajivua ngozi, anakuwa tunutu wa miguu minane. Anadandia tena, anashiba, anashuka, anajivua, sasa ni mzima. Mara ya tatu jike anapandwa akiwa juu ya mnyama, anafyonza mpaka uzito wake unapanda mara mia na zaidi, anaanguka, anataga mayai kwa maelfu mara moja tu, anakufa. Milo mitatu, maisha yameisha.

Yule wa kahawia wa masikioni ndivyo anavyoishi, kila mlo kwa mnyama mwingine. Na vimelea vya ndigana kali (Theileria parva) havipiti kwenye yai. Mtoto wa kupe anazaliwa safi. Anaviokota kwa ng'ombe mgonjwa, au kwa aliyepona ambaye bado anavyo damuni, anashuka navyo, na hatua inayofuata ndiyo inayovipanda kwa ng'ombe mwingine. Hata hapo havimwagiki siku ile ile. Vimelala kwenye tezi za mate za kupe, vinapevuka baada ya yeye kuanza kunyonya, kwa kawaida siku tatu au nne.

Hapo ndipo nilipojiona mjinga. Siku tatu nne hizo ndizo mwanya wetu, na katika siku hizo kupe bado ni bapa, hajanenepa, humwoni. Mimi nilikuwa nangoja anenepe ndipo nimng'oe.

#2 Kasuku_Mpole

Nimeweka kambi hapa. Pole kwa mtamba, mkuu.

#3 Shaban_wa_Pili

Mkuu, swali la mtu asiye na ng'ombe. Kupe na papasi ni kitu kimoja? Bibi yangu alikuwa anasema papasi wanaleta homa.

#4 Mwenye_Zizi

Ni binamu. Kupe tunaowazungumzia wana ngao ngumu mgongoni. Dume ngao imemfunika mgongo mzima, ndiyo maana hanenepi. Jike ngao ni kipande cha mbele tu, huko nyuma ngozi inavutika kama puto. Papasi hana ngao, ni kama kipande cha ngozi iliyokunjamana, na ukimtazama kwa juu mdomo huuoni. Anajificha kwenye nyufa za ukuta na sakafu ya udongo, anatoka usiku, anafyonza dakika chache, anarudi zake. Bibi yako alisema kweli, papasi analeta homa inayokuja na kuondoka na kurudi tena. Lakini kupe wa ngao hana haraka, anakaa siku nyingi. Wote wawili ni ukoo mmoja na buibui. Ukimwita mdudu kama kiroboto hatakushtaki, ila miguu yake ni minane.

#5 Mzee_wa_Busati

Vijana mnahangaika. Kupe unampaka mafuta ya taa au unamgusisha kijinga cha moto, anajitoa mwenyewe. Tumefanya hivyo tangu utoto na tupo.

#6 Muuguzi_Zamu_ya_Usiku

Shikamoo mzee wangu. Kwa heshima zote, hilo la moto na mafuta tuliache leo leo.

Kupe akishaingiza mdomo hajashika kwa meno tu. Ule mdomo una miba iliyoelekea nyuma kama ndoana, na aina nyingi humwaga ute unaoganda kama saruji kumzunguka. Mate yake yana kitu cha kuua maumivu, ndiyo maana hukumsikia akikuuma, yana cha kuzuia damu isigande, na yana cha kupumbaza kinga ya mwili pale alipokaa. Ukimchoma au ukimmwagia mafuta, hawezi kung'oka upesi, na kabla hajatoka anaweza kukutapikia mate na vilivyomo tumboni. Yaani unamlazimisha kufanya kile kile unachokiogopa.

Chukua kibano chenye ncha nyembamba. Mshike karibu kabisa na ngozi, pale kichwani, si kwenye tumbo. Vuta moja kwa moja kwenda juu, polepole, usisokote, usikate kwa hasira. Ngozi itainuka kidogo kama hema, halafu ataachia. Ukibakiza kipande cha mdomo usichimbe na sindano, ngozi itakitoa yenyewe. Osha kwa sabuni au spiriti. Usimpasue kwa kucha, damu iliyomo inaweza kuwa na ugonjwa. Na andika tarehe mahali. Ukipata homa au upele ndani ya wiki chache zinazofuata, tarehe hiyo itamsaidia daktari kuliko maelezo ya nusu saa.

#7 Mzee_wa_Busati

Marahaba. Nimekuelewa binti. Ila kucha tumezitumia sana.

#8 MamaNdama

Mimi nina ng'ombe watatu tu. Naomba mtu anitofautishie hizi ndigana, maana kila ng'ombe akiumwa jirani anasema "ni ndigana" na kuchoma sindano ile ile ya njano.

#9 Mpima_Joto

Dada MamaNdama, umegusa kidonda. Mimi ni mtu wa mifugo kwa kazi, nitajibu kwa kirefu kidogo.

Ndigana kali ni hiyo aliyoieleza mwenye uzi. Kimelea kinaingia kwenye chembe nyeupe za kinga na kuzifanya zigawanyike ovyo, karibu kama saratani. Ndiyo maana alama ya kwanza ni tezi kuvimba, na mara nyingi ile ya chini ya sikio, kwa kuwa sikio ndilo kiti cha yule kupe. Halafu homa inapanda juu ya digrii 40, mapafu yanajaa maji, povu. Wengi hufa ndani ya wiki tatu au nne tangu kupe alipomdandia.

Ndigana baridi ni kitu kingine kabisa, ni bakteria wanaokaa kwenye chembe nyekundu za damu. Ng'ombe anakonda, ufizi na ndani ya kope vinapauka kisha vinageuka njano, kinyesi kinakuwa kikavu na kigumu. Huyu huwasumbua wakubwa kuliko ndama. Na si kupe peke yao wanaomsambaza. Nzi wanaouma, na sindano yako uliyomchoma mgonjwa kisha ukamchoma mzima bila kubadilisha, navyo vinaeneza.

Mkojo mwekundu ni babesia, vimelea vingine vya damu. Vinapasua chembe nyekundu mpaka rangi inatokea kwenye mkojo. Anayehusika sana ni kupe wa buluu, yule mnene wa kijivu uliyekuwa unamng'oa kwenye kiwele, Mwenye_Zizi. Huyu anamaliza hatua zote tatu juu ya ng'ombe mmoja, kama wiki tatu tu. Ungedhani basi hawezi kuhamisha ugonjwa. Anaweza, kwa sababu babesia inapita kwenye mayai, mama anawarithisha watoto. Jambo hili walilithibitisha watafiti Theobald Smith na Kilborne kule Marekani, wakichunguza homa iliyokuwa inaua ng'ombe wa kaskazini kila walipochanganyika na wa Texas. Waliandika mwaka 1893, na ilikuwa mara ya kwanza kuonyeshwa kwamba kiumbe mnyonya damu anamwambukiza mnyama mwenye uti wa mgongo vimelea vya ugonjwa. Habari za mbu na malaria zilithibitishwa baadaye. Kupe ndiye aliyefungua darasa.

Kwa hiyo wale wanene wako, endelea kuwang'oa kabla hawajaanguka kutaga. Ila jua unazuia ugonjwa wa mwezi ujao. Wa leo uko sikioni.

Halafu kuna maji moyo, kwa mbuzi na kondoo pia. Kupe wake ni yule mkubwa mwenye rangi za kupendeza mgongoni na miguu yenye mistari, mdomo mrefu. Mnyama anatembea akinyanyua miguu juu kama anavuka maji, anazunguka, anaanguka anapiga teke hewani. Ukimpasua akishakufa unakuta maji kwenye mfuko wa moyo. Kupe huyu hata bila ugonjwa ni hasara. Kidonda chake ni kirefu, na nimeona ng'ombe waliopoteza chuchu mbili kwa sababu yake tu.

Sasa ile sindano ya njano. Hiyo ni oksitetrasaiklini. Inasaidia ndigana baridi, inasaidia maji moyo ikiwahi. Ndigana kali ikishaanza, haimponyi mnyama. Hapo inatakiwa buparvakuoni, na mapema, kabla mapafu hayajajaa. Babesia nayo ina dawa zake. Ndiyo maana kabla ya sindano kuna kipimo cha joto, na kwa mwenye uwezo, tone la damu au majimaji ya tezi chini ya hadubini.

#10 Shaban_wa_Pili

Kumbe kila kupe na kesi yake. Nilijua ni kupe tu.

#11 Jogoo_la_Mtaa

Mpima_Joto unatisha watu. Ng'ombe wa asili wanajaa kupe na hawafi. Hawa wa kisasa ni mayai tu.

#12 Mpima_Joto

Una nusu ya ukweli, kaka. Ng'ombe wenye nundu wanavumilia kupe kuliko hao wa maziwa waliotoka Ulaya, ngozi yao na kinga yao vinawakataa kupe wengi. Lakini sababu kubwa ni kwamba ndama wa asili anaumwa kupe tangu siku za kwanza, akiwa mdogo. Wanaopona wanabaki na kinga, na wanaokufa hakuna anayewahesabu. Mchukue ng'ombe huyo huyo wa asili, alelewe mahali pasipo na kupe wa masikioni, kisha mlete penye kupe. Utamzika na nundu yake.

#13 Jogoo_la_Mtaa

Hapo nimekaa kimya.

#14 Dada_Koku

Nyie wa ng'ombe mmetawala uzi. Binadamu je? Mimi natembea sana porini kwa kazi, na wenzangu wananiambia nivae kofia kwa sababu kupe wanaruka kutoka mitini.

#15 Muuguzi_Zamu_ya_Usiku

Kofia ni ya jua, dada. Kupe haruki, hana mabawa wala miguu ya kurukia. Anapanda kwenye jani, si juu sana, anashika kwa miguu ya nyuma na kunyoosha ya mbele kama anayeomba kubebwa. Kwenye ile miguu ya mbele kuna kiungo kinachonusa pumzi yako, jasho lako, na kuhisi joto. Ukipita unamgusa, anakushika, halafu anapanda juu. Ukimkuta kichwani amefika kwa miguu. Chomeka suruali ndani ya soksi, vaa nguo za rangi nyepesi umwone, na jioni jikague: nyuma ya magoti, kinena, kiunoni penye mkanda, kitovu, kwapa, nyuma ya masikio. Mkague na mtoto, kwenye nywele.

Magonjwa yanategemea uko wapi duniani, kwa sababu kupe si yule yule. Amerika ya Kaskazini na Ulaya wanaogopa ugonjwa wa Lyme. Jina limetokana na mji wa Lyme, jimbo la Connecticut, ambako katika miaka ya 1970 watoto wengi walianza kuvimba magoti bila sababu iliyojulikana. Bakteria mwenyewe aligunduliwa ndani ya kupe na mtafiti Willy Burgdorfer, taarifa ikatoka 1982. Alama yake ni upele mwekundu unaopanuka siku hadi siku, wakati mwingine na duara katikati kama shabaha. Kupe wake naye kwa kawaida anahitaji zaidi ya siku moja akiwa amekushika ndipo akuambukize. Unaona? Hadithi ni ile ile ya mtamba.

Afrika kusini mwa Sahara tunayoikuta zaidi ni homa ya kupe ya rickettsia, nao ni bakteria. Mtu anakuja na homa, kichwa kinapasuka, mtoki umevimba, kipimo cha malaria hakionyeshi kitu, anapimwa tena, hakuna. Ukimvua nguo unakuta kidonda kidogo chenye gamba jeusi katikati, wakati mwingine viwili vitatu, nyuma ya goti au kinenani. Doksisaiklini inamtibu vizuri. Tatizo ni kwamba wengi hatuvui watu nguo.

#16 Dada_Koku

Hilo gamba jeusi nimewahi kuwa nalo! Nilitibiwa malaria mara mbili mfululizo. Tuyaache hayo.

#17 Mchinjaji_Mstaarabu

Mimi sikai porini, nipo machinjioni. Naomba kujua kama inanihusu.

#18 Mpima_Joto

Inakuhusu kuliko wengi hapa. Kuna homa ya kutoka damu inayoitwa Crimea-Congo. Majina mawili kwa sababu iliandikwa Crimea mwaka 1944, na kirusi kilichotolewa Congo mwaka 1956 kikaja kugundulika ni kile kile. Kupe wake ana miguu yenye pete nyeupe na haongoji kwenye jani, anakukimbilia. Ng'ombe, mbuzi na kondoo wanakibeba kirusi damuni kama wiki moja na hawaonyeshi hata kikohozi. Wewe unamchinja mnyama mzima wa afya, damu inakuingia kwenye mchubuko wa mkono, siku chache baadaye una homa ya ghafla na mwili wote unauma, kisha michubuko na fizi kuvuja damu. Katika milipuko vifo vimefika hadi asilimia 40 ya wagonjwa. Vaa glavu, vaa kitu cha kulinda macho, na usipasue kupe wa ngozini kwa vidole. Ukipata homa ya hivyo, neno la kwanza kwa daktari liwe "nafanya kazi machinjioni".

#19 Kasuku_Mpole

Nimevunja kambi, naenda kumkagua mbwa.

#20 Muuguzi_Zamu_ya_Usiku

Haha. Kweli mkague, kati ya vidole vya miguu na ndani ya masikio. Kupe wa kahawia wa mbwa anaweza kuzaliana ndani ya nyumba, nyuma ya mbao na kwenye nyufa, kwa hiyo kumwosha mbwa bila kusafisha anapolala ni kazi bure. Mbwa akianza kutoka damu puani au kupauka fizi, usingoje. Na kama una paka, usimpake dawa ya mbwa yenye permethrini. Inaua paka.

#21 Jogoo_la_Mtaa

Nirudi kwa amani. Dawa za kuogesha siku hizi hazifanyi kazi. Nanyunyiza, kesho kupe wapo. Ni feki zote.

#22 Mwenye_Zizi

Nami nilisema hivyo hivyo, mpaka nilipojiangalia ninavyonyunyiza. Kizibo kimoja cha dawa kwenye ndoo "kwa makadirio", bomba la mgongoni moja kwa ng'ombe sita, mgongo unang'aa kwa maji, na ndani ya sikio pakavu. Kupe hakai mgongoni, mkuu. Sasa napima kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chupa, nanyunyiza kinyume na mlalo wa manyoya, nalowesha chini ya mkia na kinena, na masikio nayapaka ndani kwa kitambaa kilicholowa dawa. Glavu mkononi.

#23 Mpima_Joto

Mwenye_Zizi amemaliza nusu. Nusu nyingine ni usugu, nao ni wa kweli. Kupe wa buluu wanazoea dawa upesi kuliko wengine, kwa kuwa maisha yao yote yanapita juu ya ng'ombe na kila hatua inaonja dawa. Aseniki ya kwenye majosho waliishinda tangu miaka ya 1930. Na dawa hafifu ndiyo shule yao, inaua wanyonge na kuwaacha mabingwa watage. Ukitaka kubadilisha, badilisha kundi la kemikali lililoandikwa kwa maandishi madogo. Kubadilisha jina kubwa la kwenye kopo hakusaidii, makopo matatu yanaweza kuwa na kemikali moja. Na soma siku za kungoja kabla ya kukamua kwa ajili ya kunywa.

#24 MamaNdama

Na chanjo ipo?

#25 Mpima_Joto

Ya ndigana kali ipo, na ni ya ajabu kidogo. Ilitengenezwa Muguga, Kenya. Wanamchoma ng'ombe vimelea hai wa ugonjwa wenyewe, waliohifadhiwa kwenye naitrojeni ya maji, na papo hapo wanamchoma ile ile sindano ya njano, ya aina inayokaa mwilini muda mrefu. Ikiingia pamoja na vimelea inavipunguza kasi, ng'ombe anaumwa kidogo tu, anabaki na kinga. Ikiingia wiki mbili baadaye, kama jirani yako anavyofanya, imechelewa. Lakini haimkingi na ndigana baridi, mkojo mwekundu wala maji moyo. Kupe lazima uendelee kupambana nao.

#26 MamaNdama

Nimetoka zizini sasa hivi na tochi. Wale wakubwa wawili wako safi. Huyu ndama wa miezi miwili, sikio la kushoto, mle kwenye mikunjo ya ndani kabisa, kuna vitu kama vumbi la kahawia. Nilifuta kwa kidole havifutiki. Na chini ya sikio hilo nasikia kitu kama gololi. La kulia hakuna.

#27 Mpima_Joto

Mpime joto sasa. Kipimajoto kwenye njia ya haja kubwa, kiguse ukuta wa utumbo, kisibaki katikati ya kinyesi. Ngoja dakika mbili.

#28 MamaNdama

40.7.

#29 Mpima_Joto

Mpigie daktari usiku huu huu, usingoje asubuhi, na jirani asimguse na sindano yake. Mwambie tezi, joto, na umri wa ndama. Hao kupe ng'oa, weka kwenye kichupa chenye spiriti, atataka kuwaona.

#30 MamaNdama

Nimempigia, yuko njiani na pikipiki. Ndama bado ananyonya. Kupe wako kwenye kichupa, kumi na moja. Wiki nzima nilikuwa nawaona nikidhani ni uchafu wa sikio.